Kazi ya Telesphor Ilikuwa Kufa

Telesphor Kaijage alikuwa hodari wa kufa. Waongozaji wa filamu walilijua hilo, na ndiyo maana walimwita. Alikufa kwa risasi katika vichaka vya kupandikiza nyuma ya studio za nje ya London, akafa kwa kisu kwenye ngazi za hoteli, akafa kwa homa juu ya kitanda cha kamba huku muuguzi wa Kizungu akimpangusa jasho. Asipokufa, alifungua milango. Alikuwa mlinzi wa rais, dereva wa balozi, mpishi wa bwana shamba, na mara moja waziri aliyepinduliwa, ambaye naye alifungua mlango kwanza ndipo akapigwa risasi. Kwa karibu miaka arobaini uso wake ulipita katika sinema za Waingereza, na hakuna aliyewahi kumsimamisha barabarani akamwomba saini. Mama mmoja alimsimamisha Harrow, kitongoji cha London, akamshika mkono kwa furaha, kumbe alimfananisha na dereva wa basi lake la zamani. Telesphor hakumkatalia. Alimwuliza habari za watoto, akaenda zake.

Hakuja Uingereza kwa ajili hiyo. Alikuja kusoma upimaji wa ardhi, kijana mrefu kutoka Kashozi, Bukoba, mwenye sauti nene ambayo mapadri wa kwao waliipenda kwa kusoma masomo ya Jumapili. Siku moja ya baridi rafiki yake wa chuo alimvuta hadi ukumbi wa kanisa ambako watu walikuwa wakifanya mazoezi ya igizo. Mmoja wao alikuwa hajafika, wakampa Telesphor karatasi asome kwa niaba yake. Akasoma. Alipoinua macho alikuta ukumbi mzima umetulia, watu wamemgeukia, na hata yule mama aliyekuwa akikoroga chai kule nyuma ameacha kijiko kimesimama kikombeni. Tangu ashuke kwenye ndege hakuna aliyekuwa amemtazama namna ile. Upimaji wa ardhi ukamtoka moyoni palepale. Baba yake alipopata habari alinyamaza kwenye simu mpaka laini ikakatika yenyewe.

Akaoa Generosa, muuguzi kutoka Rombo, mwanamke wa maneno machache na mikono isiyotulia. Walikutana kwenye misa ya Kiswahili, wakapata nyumba Kenton, jirani na Harrow, wakamzaa Lilian. Generosa ndiye aliyeibeba nyumba ile. Telesphor alikuwa mfagizi wa shule, mpanga mizigo ghalani, dereva wa teksi, lolote lile lililomruhusu kuondoka pindi wakala wake akipiga simu. Na simu ilipolia, Generosa hakuuliza filamu inahusu nini. Aliuliza, "Leo unakufa au unafungua mlango?" Walikuwa wakicheka kwa hilo, zamani.

Mara moja tu alipewa maneno ya kutosha. Ilikuwa filamu ya vita, naye alikuwa daktari wa kijiji. Katikati ya filamu alisimama kando ya kaburi la mtoto akazungumza kwa muda mrefu, kamera imemkaribia usoni, na hakuna aliyemkata. Siku walipoipiga sehemu ile, fundi wa taa alimfuata baadaye akampa mkono. Telesphor alirudi nyumbani kama mtu aliyefaulu mtihani. Ilipofika sinema, aliwaalika watu wa misa ya Kiswahili wakaujaza mstari mzima wa viti pale Harrow. Kanti, jirani yake mwenye duka, alifunga duka mchana kweupe, jambo ambalo hata kwa msiba hakuwa akilifanya. Kanti alikuwa Mhindi mzaliwa wa Mwanza, Kiswahili chake kilikuwa cha huko, na tangu walipojuana kaunta yake ilikuwa ndiyo baraza la Telesphor.

Kaburi likaonekana. Telesphor akaonekana, mkubwa kama nyumba, machozi yakimlengalenga. Akafungua mdomo, na sauti iliyotoka haikuwa yake. Ilikuwa sauti ya mtu mwingine kabisa, nyembamba kidogo, yenye lafudhi ya Kiafrika isiyokuwa ya nchi yoyote. Midomo ilikuwa yake, pumzi ilikuwa yake, ile kwikwi ya mwisho ambayo hakuipanga ilikuwa yake, lakini maneno yote yalitamkwa na mtu asiyemjua.

"Hiyo siyo sauti ya Dad," Lilian alisema kwa Kiingereza, kwa nguvu. Alikuwa mtoto mdogo bado. Mstari mzima ukasikia.

Wakala alimweleza baadaye kwamba wenye filamu waliona Kiingereza chake kimenyooka mno, hakifanani na cha daktari wa kijiji, wakatafuta mtu wa kuingiza sauti. Mtu huyo alizaliwa Birmingham na hakuwahi kukanyaga Afrika. Telesphor alishukuru kwa maelezo, akakata simu, akaenda dukani kwa Kanti kununua maziwa. Kanti alimpa maziwa, hakutaja filamu. Tangu hapo Telesphor hakualika mtu tena sinema.

Mtu mwingine angeacha. Generosa alimwambia hivyo wazi, siku moja wakiwa wanaanua nguo.

"Baba Lilian, hawa watu hawakuhitaji wewe. Wanahitaji mwili wa kuanguka."

"Najua."

"Sasa unangoja nini?"

Telesphor alikunja shuka, akalikunja tena. "Sijui kufanya kitu kingine," alisema. Hakuwa anajisingizia. Alikuwa amelijaribu lile neno kuacha, akaona nyuma yake hamna kitu. Basi akaendelea. Nywele zikaota mvi, milango aliyoifungua ikawa ya mahospitali na mahakama badala ya ikulu, na wale aliokuwa akikutana nao kwenye usaili, wenye nyuso kama yake, wakapungua mmojammoja. Mwishoni akabaki yeye na Leonard, mzee wa Kijamaika wa upande wa pili wa London, wakigombea kila babu na kila mchungaji, wakicheka kwenye viti vya kungojea kama watu wawili walioachwa na gari moja.

Kijana aitwaye Dhiren alipompigia, Telesphor alikuwa amepita sabini. Dhiren alikuwa mwongozaji, mzaliwa wa Stanmore, ambaye bibi yake alihama kutoka Dodoma. Alikuja Kenton mwenyewe, akakaa kwenye kochi, akala maandazi ya Generosa bila kulazimishwa.

"Nilikuona kwenye televisheni nikiwa mdogo, anko," alisema. "Ulikuwa unafungua mlango. Nikamwuliza bibi, mbona yule mtu hasemi kitu? Bibi akaniambia, watu kama yule huwa wanangoja. Nimekuandikia filamu."

Ilikuwa filamu ya mzee Mtanzania, fundi reli mstaafu, anayeishi peke yake katika nyumba ya Harrow baada ya kufiwa na mkewe, na anayekataa kuhamishwa. Mzee huyo alikuwemo tangu mwanzo hadi mwisho. Alizungumza na kuta, alizungumza na mwanawe, alizungumza na marehemu. Hakufa. Telesphor aliufungua muswada akaona jina la mhusika wake limejaa kila ukurasa, akaufunga, akatoka kwenda kusimama bustanini. Generosa alimwona dirishani akiwa ameushika uzio kwa mikono miwili.

Wakaanza mazoezi nyuma ya duka la Kanti, kati ya magunia ya mchele na makopo ya mafuta. Kanti alikuwa amemwachia mwanawe duka, akabaki wa kukaa tu, kwa hiyo alifurahi kuwa mwana, jirani, afisa wa halmashauri na mke aliyekufa kwa zamu. Alisoma vibaya sana, kama mtu anayetangaza bei. Telesphor alimjibu, na Kanti akasahau kusoma, akabaki kusikiliza.

Baada ya siku kadhaa Kanti aliweka karatasi chini. "Telesphor bhai, hii kurasa tumesoma jana."

"Tumeisoma?"

"Jana na juzi. Nawe unaniuliza kila mara nani huyu anakuja mlangoni. Mwanako huyu."

Telesphor akacheka. "Uzee, Kanti."

"Mimi mzee kukushinda," Kanti alisema, lakini hakucheka.

Generosa hakuhitaji kuambiwa. Alikuwa amefanya kazi ya uuguzi maisha yake yote, na miaka ya mwisho aliimaliza kwenye wodi ya wazee. Alishasikia mumewe akiomba "kile cha kukorogea" kwa kuwa kijiko kilikuwa kimempotea kichwani. Alishamwona akisimama mlangoni pa chumba chao kama mgeni anayengoja kukaribishwa. Alijua jina la kitu hicho na alijua kinavyokwenda, na kwamba hakirudi nyuma.

"Twende kwa daktari," alimwambia.

"Baada ya filamu."

"Baba Lilian."

"Mama Lilian, nakuomba. Ukinipeleka sasa wataandika, na wakiandika wataniondoa. Ngoja nimalize. Nikimaliza nipeleke popote."

Generosa alimtazama. Katika ndoa yao yote hakuwa amewahi kumwomba kitu kwa sauti ile. Akakubali, na tangu hapo akawa anamsomesha maneno asubuhi na mchana, jikoni, kitandani, kwenye treni ya Metropolitan, kama mama anayemsomesha mtoto katekisimu. Maneno yaliingia. Yalikaa kidogo, kisha yakatoka.

Siku za mwanzo za kupiga picha zilikwenda vizuri mno. Nyumba ilikuwa ya kawaida, ya kuungana na ya jirani, kama zilivyo nyumba zote za Harrow. Telesphor aliingia humo amevaa sweta la yule fundi reli, akapitisha kiganja kwenye meza ya marehemu mkewe. Sehemu hizo zilikuwa fupi. Dhiren alikuwa akimkumbatia kila mara baada ya kukata. "Umekuwa wapi siku zote, anko?" aliuliza, na Telesphor akajibu, "Mlangoni." Wakaangua kicheko pale. Ilikuwa wiki yake nzuri kuliko zote, na yeye alijua hivyo wakati uleule, akawa anaishikilia kama mtu aliyebeba maji kwenye viganja.

Kisha ikafika sehemu ndefu, mzee anapozungumza na mwanawe mezani. Kamera ikawashwa. Telesphor alianza vizuri, akamtaja marehemu, akalitaja kabati la nguo zake, halafu akasimama. Chumba kilimngoja. Alihisi maneno yako karibu, nyuma ya kitu chembamba kama pazia, akaunyosha mkono wa akilini kulivuta, na kilichokuja kilikuja chenyewe, kikamilifu, kwa sauti yake yote nene.

"Bwana mkubwa, gari liko tayari."

Kijana aliyeigiza mwanawe alicheka. Watu wengine wakacheka, kwa upendo, wakidhani ni utani wa mkongwe. Telesphor naye akacheka. Wakaanza tena. Marehemu, kabati, kimya.

"Bwana mkubwa, gari liko tayari."

Safari hii hakuna aliyecheka. Telesphor aliwatazama mmojammoja, akaona kwenye nyuso zao kwamba amekosea, lakini hakujua wapi. Maneno yale yalikuwa sahihi. Aliyakumbuka vizuri, aliyasema mbele ya kamera zamani, alipokuwa dereva wa balozi, na mwongozaji akaridhika.

Walijaribu kila njia. Walimwandikia maneno kwenye makaratasi makubwa, lakini macho yake yakawa yanasoma badala ya kumtazama mwanawe. Wakamwekea kidude cha sauti sikioni ili msichana mmoja amtamkie kutoka chumba cha pili, na alipoanza kutamka tu Telesphor aligeuka akauliza, "Nani anaongea humu ndani?" Akainuka kumtafuta. Alipita jikoni, akafungua mlango wa nyuma, akasimama amekishika kitasa, amenyooka wima, kidevu juu, akisubiri mtu mkubwa apite. Kamera ilikuwa imeshazimwa. Dhiren alimfuata akamshika bega taratibu, na kwa muda wakasimama hivyo wawili, baridi ikiingia ndani.

Bima ya filamu ilitaka cheti cha daktari. Generosa akampeleka. Daktari, mwanamke mpole, alimwomba Telesphor achore saa yenye mishale, naye akachora duara zuri sana, akarudisha kalamu.

Dhiren alikuja Kenton siku chache baadaye na maua, na safari hii hakugusa maandazi. Alisema alipigania mzee asiondolewe. Generosa aliamini, maana macho yake yalikuwa mekundu. Alisema wamemchukua Leonard.

"Leonard ni mzuri," Telesphor alisema.

"Anko, naomba unisamehe."

"Ana nafasi gani, Leonard?"

Dhiren alimtazama Generosa, kisha akamtazama tena mzee. "Ile yako, anko. Ya fundi reli."

Telesphor aliinamisha kichwa. Kwa muda mfupi akili yake ilikuwa safi kama kioo, na aliona kila kitu: ukumbi wa kanisa, kaburi la uongo, makorido yote yale yenye viti vya kungojea, na huyu kijana mwenye maua aliyemletea alichokitaka baada ya mikono yake kushindwa kushika. Afadhali asingemletea. Wazo hilo lilimchoma, na hakuweza kulisema mbele ya mgeni. "Mwambie asiharakishe pale mezani," alisema. "Watu huharakisha." Kisha akauliza kama mvua imekatika.

Filamu ilitoka. Ilisifiwa. Leonard alipewa tuzo, na aliposimama jukwaani alimtaja rafiki yake Telesphor Kaijage wa Kenton, akalitamka jina la ukoo vibaya. Dhiren alikuwa amejitahidi kubakiza kitu: mzee akiwa dirishani, akionekana kwa nyuma, sweta na kisogo tu, kabla hajageuka na kuwa Leonard. Lilian aliisimamisha picha hapo kwenye televisheni, akamketisha baba yake karibu.

"Huyo ni wewe, Dad. Unaona?"

Telesphor alitazama kwa makini, kwa adabu. "Amesimama vizuri," alisema. "Anamngoja nani?"

Kanti alikuja kila wiki mpaka miguu ikamkatalia. Wakala aliacha kupiga, kisha ofisi yake ikafungwa. Nyumba ya uzeeni ambayo Generosa alikuwa akiijenga Rombo, kwao, ilibaki bila paa, maana hakuweza kusafiri naye na hakuweza kumwacha. Alitumia elimu yake yote ya wodini kwa mgonjwa mmoja, na haikumzuia hata hatua moja. Mumbi, muuguzi Mkenya aliyekuwa akija kumwogesha, aliwahi kumwuliza, "Kwani mzee alikuwa akifanya kazi gani?" Generosa akasema alikuwa mwigizaji. Mumbi akasema, "Wacha!" kwa mshangao wa kweli, akamtazama mzee upya, kisha akaendelea kumvalisha soksi.

Kiingereza ndicho kilichotangulia kumtoka. Kile Kiingereza kilichonyooka mno kikakatika vipandevipande, kikabaki "thank you" na "sorry," halafu vyote vikaisha. Lilian, ambaye alikielewa Kiswahili lakini maisha yake yote alijibu kwa Kiingereza, alianza kujifunza kusema, akikosea ngeli, akiona aibu mbele ya mama yake. Alipoanza kuweza, Kiswahili nacho kikawa kinamkimbia baba yake. Jumapili moja, wakiwa mezani watatu mchana, Telesphor aliweka uma chini akaanza kuzungumza Kihaya.

Generosa hakukijua. Alikuwa Mchaga, na nyumba yao ilikuwa ya Kiswahili tangu siku ya kwanza. Lilian hakujua hata neno moja. Wote wawili waliacha kula, kwa sababu sauti ilikuwa imerudi, nene, imetulia, ile ambayo hawakuisikia kwa miezi. Alizungumza kwa muda mrefu, akiwageukia mmoja baada ya mwingine, mikono ikieleza.

Alikuwa akiwaambia kwamba yeye ni mtoto wa Kaijage wa Kashozi. Alitumwa na mama yake, akapita njia isiyo yake, sasa haoni mtu anayemjua. Alisema wanaonekana ni watu wema, na nyumba yao ni nzuri, lakini kwao watakuwa wanamtafuta. Aliwaomba, kwa heshima zote alizofundishwa kuwapa wakubwa, wamwonyeshe njia ya kurudi. Kama hawawezi kumpeleka, basi wamtume mtu amwambie mama kwamba amepotea, na kwamba hakufanya makusudi.

Akanyamaza, akawatazama, akingoja.

Lilian alikuwa na machozi machoni. Aliweka kisu pembeni, akaanza kumpigia baba yake makofi, polepole, akitabasamu. "Amazing, Dad," alisema, kisha akalitafuta neno. "Nzuri. Nzuri sana." Generosa alisita. Alimtazama mumewe usoni, akaona kitu ambacho hakikufanana na uigizaji, lakini hakuwa na njia ya kukifikia, akapiga makofi naye.

Telesphor aliwaangalia wanawake wale wawili wakipiga makofi. Akasubiri yaishe. Kisha akarudia ombi lake tangu mwanzo, taratibu zaidi, asije akawa hakueleweka.